Chumba cha Chaza

Pale bandani palikuwa na msumari mmoja ulioheshimiwa kuliko tajiri mwenyewe. Ulipigiliwa kando ya mlango wa chumba cha baridi, umeota kutu, umepinda kidogo, na hakuna aliyethubutu kuuchezea. Kitasa cha ndani cha mlango ule kilikatika zamani. Tajiri, mkono wa birika yule, kila akikumbushwa alijibu kwamba fundi yuko njiani. Fundi gani huyo, jamani, anayesafiri miaka yote bila kufika? Basi akina mama wakajitungia sheria yao. Ukiingia chumba cha baridi, unavua aproni yako na kuitundika msumarini. Aproni ikining'inia pale ujue mtu yumo ndani, na mlango haufungwi hata kama banda linaungua.

Siku hiyo Chiriku aliitundika yake, ile yenye mfuko wa buluu aliouweka kiraka mwenyewe, akaingia kuchukua kreti la chaza. Alikuwa anaimba. Lilikuwa kreti lake la mwisho, na hakuna mtu pale bandani aliyelijua hilo, labda wifi yake tu, na wifi yake hakuwa mtu wa kuulizwa kitu.

Jina la Chiriku alipewa na wenzake wiki ya kwanza tu ya kazi, kwa sababu mdomo wake haukuwa na breki. Angeongea na meza, angeongea na ndoo, na asipopata mtu angewasimulia chaza habari za jirani. Chaza wenyewe walikuwa wale wadogo wa mchangani, hawazidi ukucha wa kidole gumba, weupe kwa nje na zambarau kwa ndani kama midomo ya mtoto aliyekula zambarau. Ufukweni, wimbi likimfukua mmoja, hujichimbia tena mchangani kufumba na kufumbua, hata huoni alikopitia. Kwenye kreti hana pa kujichimbia. Anachoweza ni kufunga mdomo tu, na hapo ndipo yeye na Chiriku walipotofautiana.

Alikuwa ameinama, mikono imeshika kreti, aliposikia mlango nyuma yake ukisema *khu*. Kisha chuma cha kufungia kwa nje kikaanguka mahali pake.

"We!" akaita, akicheka. "Nani huyo? Aproni huioni?"

Akaliweka kreti chini, akaenda mlangoni, akaugonga kwa kiganja. Halafu kwa ngumi. Halafu akakumbuka alipo, na kicheko kikamkauka.

Maana kazi ya lile banda ilikuwa kugonga. Kutwa nzima akina mama walikaa kwenye meza ndefu, chaza mmoja mkono huu, mwingine mkono ule, wanawagonganisha. Mzima hulia kama kokoto. Aliyekufa, ambaye ganda lake limejaa tope tu, hulia bubu, na anatupwa kabla hajaoza na kuwaharibu wenzake. Kwa hiyo mle bandani ilikuwa *ko ko ko* tangu asubuhi, na redio juu yake, na mtu akigonga mlango wa chumba cha baridi ni sawa na kutema mate mvuani. Nani atamsikia?

Aligonga hata hivyo. Aligonga mpaka vifundo vya vidole vikachunika. Aliita majina ya utani ya kila mtu aliyemkumbuka, akamwita tajiri, akamwita hata yule fundi aliye njiani. Baridi ya mle haikuwa ya kugandisha, ilikuwa ya kuwalaza chaza usingizi wasife. Lakini Chiriku hakuwa chaza. Alikuwa na blauzi nyepesi, miguu ndani ya maji ya chumvi yanayotiririka kutoka kwenye makreti, na basi la kuwahi.

Basi. Moyo ukampasuka paa! Basi la alasiri, ambalo kila siku likipanda kutoka stendi hupiga honi ndefu pale kwenye kona nyuma ya banda, na akina mama husema, "Haya, wamekwenda wenye bahati." Leo mwenye bahati alikuwa yeye. Mume wake, Dobi, aliyekuwa akifua na kupiga pasi mashuka ya nyumba ya wageni, alikuwa amepata kazi kwenye hoteli kubwa katika mji mwingine. Asubuhi aliondoka na mabegi yote mawili, la kwake na la mkewe, akamwambia, "Wewe nenda kazini kama kawaida, usimwachie dada mzigo wote wa asubuhi. Mchana njoo stendi moja kwa moja. Usipofika napanda, mama, kazi hainingoji." Chiriku alimwona muungwana, mtu anayemfikiria dada yake hata siku ya kuondoka.

Na kuondoka alikutaka kwa roho yake yote, wala haoni haya kukusema. Alichoka. Nyumba yao ilikuwa vyumba viwili na pazia. Upande mmoja wa pazia walilala yeye na mumewe. Upande wa pili alilala mama mkwe, aliyepooza nusu ya mwili, pamoja na wifi. Asubuhi kumgeuza mama, kumwosha mama, kumlisha mama, kisha bandani, kisha nyumbani kumgeuza tena. Mama mwenyewe hakuwa na ubaya. Lakini pazia lile! Hata kukohoa ulikohoa kwa adabu. Chiriku alikuwa akiota mlango. Chumba chenye mlango wake, na yeye ndani na mumewe, wakicheka kwa sauti.

Akapiga magoti. Chini kabisa ukutani palikuwa na tundu la kutolea maji, upana wake kama ngumi, na maji yalipita humo kwenda kwenye mfereji wa upande wa pili, bandani. Akainamisha kichwa mpaka shavu likagusa sakafu yenye chumvi, akachungulia.

Akaona mabuti meusi ya mpira, la kushoto limezibwa kwa kipande cha tairi.

Alimjua mwenye mabuti. Pale bandani walimwita Saruji, kwa sababu hakuna aliyewahi kuona uso wake ukilegea. Ndiye msimamizi, na ndiye wifi yake. Alimlea Dobi mgongoni baada ya baba yao kufa, akamsomesha, akamwozesha, na siku ya harusi alimpa bibi harusi mkono bila tabasamu kama anayekabidhi ufunguo. Meza yake ilikuwa hapo hapo nje ya mlango. Yaani alikuwa amekaa hapo muda wote.

"Wifi!" Chiriku akaita ndani ya tundu. "Wifi yangu, nimefungiwa! Nifungulie!"

Mabuti hayakusogea. *Ko. Ko. Ko.*

"Wifi, unanisikia, usinitie wazimu! Aproni yangu iko msumarini!"

"Haiko," ikajibu sauti ya Saruji, taratibu.

Chiriku akaelewa, na damu ikampanda kichwani.

"Umenifungia wewe?"

*Ko. Ko.*

"Umenifungia kwa sababu ya basi! Umejua naondoka na mume wangu, roho ikakuuma! Ewe mwanamke, una moyo au una jiwe? Mdogo wako amekua, mwachie mkono! Au ulitaka umwoe wewe?"

Hilo la mwisho lilikuwa tusi zito, na Chiriku alilijua, na alilisema kwa makusudi. Alingoja lipige. Sauti ya nje ikasema, "Basi likipiga honi, nitakufungulia."

"Likipiga honi litakuwa limeshaondoka!"

"Ndiyo."

Jamani, kuna hasira inayopita maneno, na kwa mtu kama Chiriku hiyo ni ajali. Alipiga ukuta kwa teke, akaumia kidole, akalia. Akabembeleza. Akamkumbusha wifi usiku waliomvusha mama kwenye homa, wao wawili, Dobi akikoroma. Akamtukana tena. Meno yakaanza kugongana yenyewe, na akagundua kwa uchungu kwamba hata meno yake sasa yanafanya kazi ya banda.

Kitu fulani kikaanza kuingia tunduni. Kikasukumwa, kikakwama, kikasukumwa tena kwa kidole. Lilikuwa sweta la Saruji, lile la kahawia, likiingia mkono mmoja kwanza kama mtu anayepita dirishani. Chiriku alilitazama kwa chuki. Kisha akalivuta lote, akalivaa, maana baridi haina ugomvi wa mawifi.

"Sitaondoka," akasema, akijilazimisha kupoa. "Wifi, nifungulie. Nakuapia, sitaondoka. Nitabaki tumtunze mama pamoja."

"Unaapa, na begi lako limeshafungwa."

"Nani kakwambia habari za begi?"

Nje ikaanza tena *ko ko ko*, haraka haraka.

Hapo sikio la Chiriku lilinasa kitu. Kwa kawaida ukisikiliza meza ya mtu unasikia sauti zikibadilika, huyu mkubwa, huyu mdogo, yule amekufa. Saruji alikuwa akigonga chaza wale wale wawili. Walikuwa wazima wote, alikwisha kuwajua tangu mara ya kwanza, lakini aliwagonga tena na tena bila kuwaweka chini. Hakuwa anafanya kazi. Alikuwa amekaa pale na kuziba ukimya tu.

Chiriku akataka kumtupia hilo nalo, akafungua mdomo, na maneno hayakuja. Yaliisha. Alichoka mwili, alichoka roho, na kwa mara ya kwanza tangu ajifunze kusema alikaa chini, akaegemeza mgongo kwenye makreti, akanyamaza. Basi liende, akawaza. Dobi atakuwa amesimama mlangoni mwa basi, anachungulia barabara, anamwambia kondakta ngoja kidogo mke wangu anakuja. Machozi yakamtiririka hadi kwenye kola ya sweta la adui yake.

Kimya kilipotulia, akasikia kitu kingine. Ulikuwa mchirizi mdogo, *tss*, kisha mwingine. Akageuka. Kwenye kreti lililo karibu na uso wake chaza walikuwa wanafunguka. Mmoja akaachama kidogo, akatoa mirija yake miwili myembamba kama uzi, akaipeleka huku na huku. Jirani yake naye akatoa ulimi mweupe, akapapasa, anatafuta mchanga. Miaka yote aliyofanya kazi pale, Chiriku hakuwahi kuwaona hivyo. Angewaona vipi? Siku zote yeye akiingia wamekwisha kufunga, kwa vishindo vyake na maneno yake. Akabana pumzi asiwashtue. Wale viumbe walipapasa mbao za kreti kwa bidii, na mchanga haukuwapo, nao hawakuacha kuutafuta. Akawaonea huruma, akajionea huruma.

Nje, *ko ko ko* ikakoma.

"Wifi?" ikasema sauti ya Saruji tunduni.

Chiriku hakujibu. Mwanzo hakujibu kwa sababu hakuwa na nguvu. Kisha akasikia mabuti yakihangaika tunduni, akajua kimya chake kinamtisha wifi, akazidi kufunga mdomo.

"Wifi, sema kitu." Mabuti yakaja mlangoni, yakarudi tunduni. "Nitukane basi. We Chiriku! Usinifanyie hivyo!" Sasa sauti ilikuwa imepanda, sauti ambayo hakuna mtu pale bandani aliyewahi kuisikia. "Mungu wangu, kaniambia baridi yenyewe siyo ya kuua mtu, kaniambia..."

Chuma kikanyanyuliwa, mlango ukavutwa, na mwanga ukamwagika ndani. Saruji alisimama pale, uso umelowa. Chaza wote wakafunga kwa mpigo mmoja.

Chiriku akaruka kama aliyechomwa pini. Honi bado! Alimpiga wifi kikumbo, akatoka, miguu imekufa ganzi, akashika ukingo wa meza asianguke. Stendi haikuwa mbali. Akikimbia atawahi. Kwanza angefika huko, kisha angekuwa na maisha yote ya kumsimulia mumewe ubaya wa dada yake.

"Usiende," Saruji akasema.

"Mpaka sasa unanizuia? Una haya wewe?"

"Usiende, wifi. Utaumia."

Chiriku alikuwa amekwisha kupiga hatua, na ndipo alipokanyaga mkanda wa begi. Begi lake la maua. Lilikuwa chini ya meza ya wifi, zipu imefungwa hadi mwisho. Alilitazama asilielewe. Begi hili aliliona mara ya mwisho asubuhi begani mwa mumewe, likitoka mlangoni. Lingefikaje hapa?

Juu ya begi ilikuwa aproni yake.

Haikutupwa ovyo kama mtu anayeondoa ushahidi. Ilikunjwa. Ilikunjwa mara nne, pembe juu ya pembe, mikunjo imekandamizwa kwa kiganja, kamba zimezungushwa na kufichwa ndani, na mfuko wa buluu umetokeza katikati kama dirisha. Akina mama wa banda huvingirisha aproni na kuitupa kwapani. Saruji huiacha yake hapo hapo ilipoangukia. Alikuwapo mtu mmoja tu duniani ambaye hawezi kushika kitambaa, hata kikiwa kibichi, hata kikinuka chumvi, asikikunje namna ile. Chiriku alilala na mtu huyo. Alimwona akizikunja soksi zake hivyo kila siku, akawa anamcheka, akimwambia hata sanda yako utaikunja mwenyewe.

Akakaa kwenye benchi. Wenzao kwenye meza ndefu waliendelea kugonga, redio ikiendelea, hawana habari.

"Alikuja kuniaga," Saruji akasema. Hakumtazama. "Akaona aproni yako. Akaniuliza uko ndani, nikasema ndiyo. Akaitoa msumarini akafunga mlango, mimi namwangalia. Akasema ukifika stendi utalia mbele za watu na yeye hawezi kuona machozi. Akasema anataka kuanza upya."

"Na mimi ni nini? Uchafu wa zamani?"

"Akasema honi ikilia nikufungulie."

"Na wewe ukakubali."

Saruji akafuta uso kwa mgongo wa mkono. "Nikakubali. Angekwambia usoni, ungeondoka leo leo kwa hasira, kwenu huko. Nikafikiri, ukidhani ni mimi niliyekufungia utanichukia, lakini utabaki. Chuki nimeizoea. Wifi, peke yangu na mama mimi siwezi. Ukiongea nyumbani mama anacheka. Mimi simchekeshi. Sijui."

Ndiyo maneno mengi kuliko yote ambayo Saruji aliwahi kumwambia. Siku nyingine yangemtoa Chiriku machozi, na ukweli ni kwamba kidogo yamtoe. Aliitazama ile aproni. Akauona uso wa mumewe, upole wake, adabu yake, *usimwachie dada mzigo wote wa asubuhi*. Akacheka kicheko kibaya.

"Kwa hiyo mmoja kanifungia ili aondoke, mwingine kaniacha humo ili nisiondoke," akasema. "Na mimi nagonga mlango kama mwehu, namlilia wa kwanza, namtukana wa pili. Familia gani hii nimeolewa?"

Chiriku akasimama. Akaonyesha mlango uliokuwa wazi. "Ingia."

"Wifi..."

"Ingia ndani. Nataka uione hiyo baridi isiyoua mtu."

Saruji akaingia. Hakubisha, na hilo ndilo lililomuuma Chiriku kuliko yote. Akaingia bila sweta, akasimama katikati ya makreti ndani ya yale mabuti yake yenye kiraka, amempa mlango mgongo, mabega yameshuka, kama mtu aliyengoja zamu yake siku nyingi. Chiriku akashika chuma cha mlango. Kilikuwa baridi na kizito, na kingeanguka kwa kidole kimoja. Na nani angesikia?

Nyuma ya banda, kwenye kona, basi likapiga honi. Ndefu, kama siku zote.

"Haya, wamekwenda wenye bahati," akasema mmoja kwenye meza ndefu, na wenzake wakacheka.

Chiriku akakiachia kile chuma. Akaichukua aproni, akaishika pembe mbili, akaikung'uta kwa nguvu moja mpaka mikunjo yote ikafa na kamba zikaanguka. Akaitundika msumarini hivyo hivyo, ovyo, mfuko wa buluu umekaa upande, pale ambapo kila mtu angeiona na hakuna ambaye angethubutu kufunga.

Kisha akainua begi. Angekwenda kwa shangazi yake, mwenye chumba kimoja na mdomo mrefu kuliko wa Chiriku, ambaye tangu siku ya posa alisema yule mwanamume anapenda mno kunyoosha vitu. Angemsikiliza akisema nilikwambia, nilikwambia, mpaka kuche. Hakujua atakachofanya baada ya hapo.

"Wifi!" Saruji akaita kutoka ndani. Hakuwa ametoka. "Mama atakuulizia jioni. Nimwambie nini?"

Chiriku alisimama, begi mkononi, sweta la kahawia bado mwilini. Alikuwa na mengi ya kusema, mtu kama yeye, yangetosha mpaka stendi na kurudi.

"Mwambie ukweli," akasema. "Jaribuni siku moja."

Akapita kando ya meza ndefu, akina mama wakimwuliza kulikoni leo kabeba begi, na kwa mara ya kwanza tangu wampe lile jina, hakuwajibu.